Mstari Mgongoni mwa Joho

Sehemu ya Tisa

"Mheshimiwa, geuka! Hebu nionyeshe mgongo tena!"

Hapo ndipo nilipowaachia, na juma zima mmekuwa mkinisimamisha njiani kuniuliza kama Bi Pasi amerukwa na akili. Hakurukwa. Akili zake zilikuwa timamu kuliko siku zote. Ila mdomo ulitangulia, na mahali penyewe palikuwa mahakamani.

Hakimu alikuwa ameshashika kitasa cha mlango wa chumba chake, anakwenda mapumziko ya saa nne, kisha mashauri mengine ya chumbani hadi saa nane. Mkono ukabaki palepale kwenye kitasa. Akageuka, miwani imeshuka hadi nchani mwa pua.

"Nani huyo?"

Mabenchi yote yaliinamisha vichwa. Bi Pasi peke yake ndiye aliyekuwa amesimama, kwa hiyo swali halikuwa gumu.

"Ni mimi, Mheshimiwa."

"Unaniamuru mimi nigeuke?"

"Sikuamuru, Mheshimiwa. Ni joho. Hilo joho lako mgongoni lina—"

"Mheshimiwa!" Wakili wa Bwana Kesho aliruka kitini kama aliyekalia kaa la moto. "Hii ni dharau ya wazi! Watu hawa wanamshitaki mteja wangu kwa kuidharau mahakama, kumbe wenye dharau ni wao wenyewe!"

Watu wakacheka. Bwana Kesho naye alicheka, tena kwa raha, tumbo likatikisika. Hakimu hakucheka.

"Askari, mweke mahabusu. Nikirudi saa nane nataka radhi yake. Asipoitoa atakaa huko siku saba."

"Na maombi yao, Mheshimiwa?" wakili akawahi. "Leo ndiyo siku ya mwisho uliyowapa kuleta ushahidi."

"Nakumbuka nilichosema, wakili. Saa nane wakiwa na ushahidi, nitausikiliza. Wasipokuwa nao, nayafuta maombi na kila mtu aende kwake."

Mlango ukafungwa. Mkono wa askari ukatua begani mwa Bi Pasi.

Sasa wewe uliyelishika gazeti hili leo kwa mara ya kwanza, nikupe kwa kifupi, maana muda hatuna na Bi Pasi hana zaidi yetu. Wako madobi kumi na wawili, msemaji wao Bi Pasi, wamefua na kupiga pasi miezi minane bila mshahara. Mwajiri wao wenyewe wamempachika jina la Bwana Kesho, kwa sababu kila mwisho wa mwezi wakimuuliza, jibu lilikuwa hilo hilo: kesho. Wakaenda mahakamani, wakashinda. Mahakama ikaamuru Bwana Kesho awalipe, na mpaka atakapowalipa, mashine za kiwanda zisisogezwe hata hatua moja.

Dalali wa mahakama alipokwenda kuzikamata alikuta sakafu tupu na matundu ya bolti. Bwana Kesho akala kiapo kwamba aliziuza kama chuma chakavu kabla ya amri kutoka, na zimeshayeyushwa zikawa nondo. Ikiwa ni kweli, hakuvunja amri yoyote na madobi wameula wa chuya. Ikiwa ni uongo, ni jela kwake, na hatoki mpaka atoe haki za watu.

Kilichokosekana ni mashine moja tu ya kumuumbua. Na Bi Pasi alikuwa ameiona. Aliiona mgongoni mwa hakimu.

Mahabusu ya mahakama ile ilikuwa chini ya ngazi: benchi la saruji, ndoo, na nondo zilizopakwa rangi ya kijivu mpaka zikafanya magamba. Askari wa kike aliyemleta alifunga kufuli, kisha akashindwa kuondoka. Udadisi ulimkaba.

"Dada, una ugomvi gani na mgongo wa Mheshimiwa?"

"Afande, umewahi kupiga pasi nguo nyeusi?"

"Kila siku ya Mungu. Si unaona suruali hii?"

"Ukiikandamiza na chuma kitupu inakuwaje?"

"Inang'aa."

"Basi hapo hapo." Bi Pasi akashika nondo kwa mikono miwili. "Kiwandani kwetu kuna pasi kubwa ya mvuke, ile ya kulaza nguo nzima. Bamba lake la juu lilipasuka, mwaka wa pili huu. Tukamwambia Bwana Kesho anunue jingine, akasema kesho. Ufa ule una mdomo. Nguo nyeusi ukiilaza bila kutanguliza kipande cha blanketi, inatoka na mstari unaong'aa, kutoka bega la kushoto mpaka kiunoni. Haufutiki hata ufanye nini."

Askari akaacha kutabasamu. "Na joho la Mheshimiwa..."

"Limelala kwenye pasi yetu. Pasi ambayo mtu ameapa mbele ya Mungu kwamba ni nondo!"

"Una uhakika?"

"Nimeishi na pasi ile miaka kumi na minne, Afande. Naijua kuliko ninavyomjua mume wangu."

Yaandikeni maneno hayo pembeni, wasomaji. Tutayahitaji.

"Sasa si ungesema taratibu?" askari akamlaumu.

"Hivyo ndivyo mama yangu alivyokuwa akiniambia tangu nilipoanza kuongea."

Saa sita na nusu, mume wake akaja. Alikuwa fundi bomba, mtu mrefu mwenye viatu vya mpira visivyokauka, na alishika mfuko wa nailoni. Ndani ya mfuko mlikuwa na kandambili, kitenge na mswaki. Alikuwa amefungasha kwa ajili ya siku saba kabisa.

"Mke wangu, omba radhi twende nyumbani," alisema bila hata salamu. "Achana na mambo haya. Huyu mtu huwezi kumshinda."

"Namshinda leo hii! Nimeiona pasi!"

Mfuko ukamponyoka fundi, kandambili moja ikatoka na kubingirika hadi miguuni mwa askari. "Umeiona wapi?"

"Mgongoni mwa hakimu. Hadithi ndefu. Saa nane utasikia."

Fundi aliinama kuokota kandambili, akachukua muda mrefu kuinuka. "Sikiliza," alisema huku akiipangusa. "Sisi tuna shida gani? Tangu nipate kazi ile ya mabomba ya hospitali, tunakula. Kodi imelipwa. Watoto wana viatu. Unapigana ya nini?"

"Sisi tunakula. Mzee Sabuni anakula? Mtu mzima yule, mvi kichwa kizima, analala jikoni kwa mkwewe! Wote kumi na mmoja walitia dole gumba kwenye madai kwa sababu mimi niliwaambia watie. Nikirudi mikono mitupu nitawaangaliaje usoni?"

Fundi alikuwa akiangalia viatu vyake.

"Na mdogo wangu yuko wapi?"

"Kushoto? Yuko nje kwenye ngazi. Analia."

"Analia nini? Si mimi niliyefungwa?"

"Sijui. Saa nane ikifika, omba radhi tu, mke wangu. Usiongeze neno. Nakuomba."

Akauacha mfuko kwa askari, akapanda ngazi kichwa chini. Kumbe mtu huyu ananihurumia hivi, Bi Pasi aliwaza, na moyo ukamlainika hata machozi yakamlengalenga. Aliapa kwamba yote haya yakiisha atampikia anachokitaka kwa wiki nzima, na hatamgombeza tena kwa kuingia na matope sebuleni.

Saa nane kasoro dakika tano wakampandisha juu.

Mahakama ilijaa pomoni. Habari ya mwanamke aliyemwamuru hakimu ageuke ilikuwa imefika sokoni, imekunywa chai na kurudi. Madobi walikuwa benchi la pili. Mzee Sabuni alikuwa ameshika kofia yake kwa mikono yote miwili. Kando yake alikaa Kushoto, mdogo wake Bi Pasi, macho mekundu, mkono wa kushoto umefichwa ndani ya mkunjo wa gauni. Ni mkono huo uliompa jina hilo kiwandani. Bi Pasi alimlea tangu mama yao alipofariki, akamfundisha kufua, kunyoosha na kutia alama. Tangu kiwanda kifungwe, Kushoto alisema amepata kibarua cha kufagia shule.

Fundi alikuwa benchi la nyuma kabisa, karibu na mlango.

"Mahakama!" karani akaita. Wote wakasimama. Hakimu akaingia, joho likimfuata, akaketi.

"Nakusikiliza," alimwambia Bi Pasi.

"Mheshimiwa, asubuhi nilikosa adabu. Nilipiga kelele mbele yako kama niko bombani. Naomba radhi kwako, na kwa karani, na kwa wote waliosikia. Nimekosa."

"Radhi imepokelewa. Kaa na wenzako."

"Mheshimiwa, nina ushahidi."

Wakili akaguna. "Uko wapi? Hana hata karatasi mkononi."

"Umeuvaa wewe, Mheshimiwa."

Ukumbi mzima ulivuta pumzi kwa pamoja. Karani aliacha kuandika. Hakimu akavua miwani, akaifuta kwa pindo la joho, akaivaa tena. Bi Pasi alijua siku saba zilikuwa zikimwangalia usoni.

"Endelea," alisema hakimu. "Kwa uangalifu mkubwa."

"Joho hilo ni la siku nyingi, Mheshimiwa?"

"Jipya. Nilishonewa nilipohamia hapa. Mwezi wa pili sasa."

"Na mashine, huyu bwana aliapa aliziuza lini?"

Hakimu hakulazimika kufungua faili. "Mwezi wa saba sasa."

"Basi nakuomba ulivue uliweke mezani. Kabla sijalisogelea nitakwambia lina nini. Lina mstari unaong'aa mgongoni. Unaanza bega la kushoto, unashuka kwa mshazari. Na hapa katikati," akajigusa mgongoni, "umekatika. Upana wa vidole viwili. Ni pale Mzee Sabuni alipoziba ufa kwa kipande cha bati tulipochoka kuambiwa kesho. Kama haukukatika hapo, Mheshimiwa, nirudishe mahabusu na funguo utupe chooni."

"Mheshimiwa, huu ni mchezo wa kuigiza!" wakili alilia.

Lakini hakimu alikuwa ameshasimama. Alivua joho mwenyewe, akabaki na shati jeupe na mikanda ya suruali, akalitandaza mezani. Karani akainama. Askari wa kike naye akajisogeza, ingawa hakuna aliyemwita.

Karani aliweka kidole begani, akakishusha polepole. Kidole kikafika katikati, kikasimama.

"Umekatika, Mheshimiwa." Akapima. "Vidole viwili."

Madobi wakapiga makofi. Hakimu akagonga meza, wakanyamaza. Bwana Kesho aliacha kucheka. Alitoa leso, akajifuta shingo, akaikunja leso, akaikunjua tena.

"Karani, joho langu linafuliwa wapi?"

"Mheshimiwa, kuna mtu wa pikipiki huja kila Jumanne kuchukua nguo za maofisa wote hapa. Bei yake ni nzuri. Anakofulia kwa kweli sijui. Risiti yake haina hata anwani."

Hebu fikirieni, wasomaji! Mtu ameficha mashine asikamatwe na mahakama, kisha kwa uroho wake anazitumia kufua majoho ya mahakama hiyo hiyo. Bwana Kesho hakujua, au alijua akaona ni mzaha mzuri. Ya moyoni mwake anayajua mwenyewe.

Wakili hakuwa mtu wa kukata tamaa haraka. Alijiweka sawa tai. "Mheshimiwa, pasi zinazopasuka ziko nyingi. Mstari ni mstari. Hauna jina la mtu."

"Jina liko kwenye ukosi," Bi Pasi akadakia. Alikuwa ameshaonja ushindi, na ushindi ukamlewesha. "Sisi kila nguo tunaitia alama ya uzi ndani ya ukosi, mishono mitatu na fundo, isije ikapotea. Na kila mmoja wetu ana mkono wake. Nikiona mishono nakwambia nani kashona."

"Kweli?" wakili akauliza, macho yakimcheka. "Hata ukiamshwa usingizini?"

"Hata usingizini!"

"Basi tuambie."

Bi Pasi akaupindua ukosi wa joho.

Uzi mwekundu. Mishono mitatu. Fundo.

Mishono ililala upande usio wake. Fundo lilipindia huku ambako mafundo ya watu wengine hayapindii. Hakuhitaji kuliangalia mara mbili. Alikuwa amelifumua fundo kama hilo mara mia wakati akifundisha, mpaka siku moja alipochoka na kusema, "Haya, mdogo wangu, shona unavyojua mwenyewe."

Hakuthubutu kugeuka kutazama benchi la pili.

"Umeona nini?" hakimu aliuliza.

"Alama, Mheshimiwa."

"Ya nani?"

Bi Pasi akaurudisha ukosi ulivyokuwa.

"Mama, nisikilize vizuri." Sauti ya hakimu haikuwa ya ukali tena, na hilo lilimtisha zaidi. "Aliyeshona alama hii anajua mashine ziko wapi. Bila kujua zilipo, sina pa kumtuma dalali, na nikiahirisha leo, kesho zitakuwa zimehamishwa. Mtaje. Na huyo mtu, kama alijua zimezuiwa na akazifanyia kazi, atajibu kwa kuidharau mahakama sawasawa na mwenye mali. Usipomtaja, nayafuta maombi sasa hivi."

Mzee Sabuni alikohoa. Kikohozi kile Bi Pasi alikijua, ni cha miaka ya mvuke wa sabuni. Upande mmoja kulikuwa na watu kumi waliomwamini na jasho lao la miezi minane. Upande wa pili kulikuwa na mtoto aliyembeba mgongoni akimpeleka shule. Akakata shauri.

"Ni mkono wangu, Mheshimiwa. Mimi ndiye niliyeshona."

"Bi Pasi!" Mzee Sabuni aliita, na sauti ikamkatika.

Wakili alitabasamu hadi jino la mwisho. "Mmesikia wenyewe! Msemaji wa madobi, analia mbele yetu hana kazi, kumbe kila siku yuko kwenye mashine zile zile anafua!"

"Mashine zipi, wakili?" hakimu akamuuliza.

"Zile za..."

"Nilidhani zimeyeyushwa."

Wakili akakaa chini taratibu kama mtu anayekaa kwenye kiti asichokiamini. Bwana Kesho alimtazama kwa jicho ambalo nisingependa kutazamwa nalo. Watu walicheka, lakini Bi Pasi hakuwa na kicheko, maana hakimu alikuwa amemgeukia yeye.

"Vizuri. Ni wewe. Mashine ziko wapi?"

"Ziko... Mheshimiwa, mimi napelekwa tu. Njia siikumbuki."

"Unapelekwa kazini kila siku na njia huikumbuki." Hakimu akanyoosha mkono. "Karani, ile sindano ya kushonea mafaili. Na kitambaa chochote. Mpe atushonee mishono mitatu na fundo."

Sindano ililetwa. Ilikuwa ndefu, nene, na uzi wake mweupe. Wakampa na kitambaa cha kufutia meza. Mkono wa kulia wa Bi Pasi uliinuka wenyewe kuipokea, kama ulivyozoea miaka kumi na minne. Akaushusha. Akaipokea kwa mkono wa kushoto.

Bi Pasi alijikaza kisabuni. Alichoma kitambaa, sindano ikamchoma kidole. Alichoma tena, uzi ukajisokota.

"Dada, weka sindano chini."

Kushoto alikuwa amesimama.

"Kaa wewe," Bi Pasi alisema bila kugeuka.

"Weka, Dada. Huo mkono wako hata kijiko haujui kushika."

Msichana alipita katikati ya mabenchi, machozi yakimchuruzika waziwazi, na safari hii mkono wake hakuuficha. Alifika mbele, akaichukua sindano polepole kwenye vidole vya dada yake. Mishono mitatu. Fundo. Ilimchukua muda wa kupiga chafya. Akakiweka kitambaa kando ya ukosi wa joho, na hata kipofu angeona kwamba ni mkono mmoja.

"Ni mimi, Mheshimiwa. Dada alitaka kunifunika tu."

"Kwa nini, mdogo wangu?" Bi Pasi alinong'ona. "Kwa nini ukatuuza?"

"Sikuwauza!" Kushoto aligeuka, sauti ikapasuka. "Umenifundisha wewe mwenyewe, nguo nyeusi haiguswi bila blanketi. Unafikiri nilisahau? Nililitoa, Dada! Nililitoa kusudi! Joho lilipoletwa nikajua ni la huku. Nikasema, dada atakaa mahakamani siku ya kesi, hakimu atageuka, na dada hawezi kupitwa na mstari. Mdomo wangu ulishindwa kukwambia, nikaiachia pasi iseme."

"Tunalala nyumba moja! Tunakula sahani moja! Mdomo ushindwe na nini?"

"Ningekwambia ziko wapi, ungeniuliza nani alinipeleka."

"Ndiyo, ningekuuliza! Nani?"

Kushoto alifuta pua kwa mgongo wa mkono. Alimtazama dada yake kwa huruma kubwa, huruma ambayo mkubwa hapaswi kuipata kwa mdogo wake.

"Ile pasi ni ya mvuke, Dada," alisema polepole. "Haijifungi yenyewe. Inataka mtu wa mabomba."

Bi Pasi hakuelewa. Kisha akaelewa. Kazi ya mabomba ya hospitali. Kodi iliyolipwa. Viatu vya watoto. Viatu vya mpira visivyokauka. Usiongeze neno, mke wangu, nakuomba.

Akageuka kutazama benchi la nyuma.

Fundi alikuwa amesimama karibu na mlango. Hakukimbia. Akainua mkono kama mwanafunzi.

"Mheshimiwa," alisema, "mimi ni mume wa huyu mama. Nataka kusema mashine ziko—"

"Nyamaza wewe fundi!"

Aliyepiga kelele ni Bwana Kesho. Alikuwa amesimama wima, kidole kimenyooka, uso umeiva. Ndipo alipogundua kwamba ukumbi mzima unamtazama yeye, na kwamba karani alikuwa akiandika.

"Askari," hakimu alisema, na sasa hakuwa na joho, lakini hakuna aliyelikumbuka. "Funga mlango. Asitoke mtu."

Komeo likalia. Bwana Kesho yuko huku, mume yuko kule, na katikati Kushoto analia akiwa na sindano mkononi. Bi Pasi akamnyang'anya ile sindano, kwa mkono wa kulia safari hii, akaishika sawasawa, na akashindwa kujua aanze kumchoma nani.